SOMO LETU: KAZI YA NYUMBANI KATIKA VIWANDA VYA MAGARI – NI RUHUSA AU NI HAKI?



Somo la safari hii linaweza kuwashangaza wengine kati yetu. Mchumaji wa chai hawezi kuuchukua mchai akaenda nao nyumbani, wala anayesimama mbele ya mashine ya nyuzi hawezi kuibeba kichwani saa ya kutoka. Tukisikia kwamba huko Marekani na Ulaya maelfu ya watu wa makampuni ya magari wanafanya kazi wakiwa nyumbani kwao, ni rahisi kucheka na kusema: hayo ni mambo ya mabwana wa ofisini.

Tunawaomba msicheke upesi. Ndani ya habari hizi limo swali ambalo kila chama cha wafanyakazi hapana budi kilijibu: mwajiri akitupa kitu kizuri pasipo mkataba, kitu hicho kimekuwa chetu, au bado ni chake? Wenzetu wa viwanda vya magari wamelijibu swali hili kwa uchungu. Na tujifunze kutoka kwao kabla halijatufika sisi.

1. MAANA YA MANENO

Kazi ya mbali ni kazi ya kampuni inayofanywa nje ya majengo ya kampuni, mara nyingi nyumbani kwa mfanyakazi, kwa kutumia kompyuta na simu. Kazi ya mchanganyiko ni ile ambayo mfanyakazi hufika ofisini siku kadhaa za juma, na siku nyingine hufanya kazi nyumbani.

Katika kiwanda cha magari si kila mtu awezaye kufanya hivyo. Kabla bati la kwanza halijakatwa, wako wahandisi wanaochora gari, wako wanaopiga hesabu za gharama, wanaonunua vipuri, makarani wa mishahara, na wale wanaoandika programu za kompyuta, maana gari la siku hizi limejaa kompyuta. Kazi ya watu hawa yaweza kusafiri kwa waya.

Wapo na wale wa kuchomelea, wa kupaka rangi, wa kufunga injini, magurudumu na viti. Tangu Henry Ford alipoweka mstari unaotembea katika kiwanda chake cha Highland Park mwaka 1913, kazi yao ina mahali pake na dakika zake. Gari linakuja mbele yako, nawe lazima uwepo. Usipokuwepo, mstari mzima unajua.

Kwa hiyo kampuni ni moja, lakini wafanyakazi wake wamegawanyika mafungu mawili. Mgawanyiko huu tuukumbuke, kwa kuwa mwajiri anaukumbuka sana.

2. MWAKA 2020: AMRI KWA WENGINE, MAPAMBANO KWA WENGINE

Kazi ya mbali ilikuwapo kabla ya hapo. Kampuni ya Renault ya Ufaransa ilikuwa na mkataba na vyama vya wafanyakazi juu ya jambo hili tangu mwaka 2007. Lakini watumiaji walikuwa wachache, na mameneja wengi walishikilia kwamba kazi za ofisi haziwezi kuendeshwa bila watu kuonekana mezani pao.

Machi 2020 ugonjwa wa korona uliipindua hoja hiyo kwa siku chache. Watu wa ofisini wakaambiwa wabebe kompyuta zao waende nyumbani. Magari yakaendelea kuchorwa na mishahara ikaendelea kuhesabiwa.

Na wa kwenye mstari je? Mstari ulikuwa bado unatembea. Tarehe 12 Machi 2020, katika mji wa Windsor nchini Kanada, wafanyakazi wa kiwanda cha Fiat Chrysler walikataa kuendelea na kazi kwa kuhofia ugonjwa. Katika Marekani chama cha wafanyakazi wa magari, UAW, kilizishikilia kampuni tatu kubwa za Detroit mpaka tarehe 18 Machi zilipokubali kufunga viwanda. Vilianza kufunguliwa tena tarehe 18 Mei, na wakati huo baadhi ya wanachama walikuwa wamekwisha kufa kwa ugonjwa huo.

Hili ndilo fundisho la kwanza. Mtu wa ofisini alipewa usalama wake kwa amri ya siku moja. Mtu wa mstari aliupata kwa kugoma na kudai. Virusi havikuuliza nani ni karani na nani ni mchomeleaji, lakini mwajiri aliuliza.

3. RUHUSA INAYOTOLEWA KWA BARUA HUONDOLEWA KWA BARUA

Baada ya miezi hiyo kampuni nyingi zikaanza kusifu kazi ya mbali. Mei 2020 kampuni ya Peugeot ya Ufaransa ilitangaza kwamba kwa watu wasiohusika moja kwa moja na utengenezaji, kazi ya mbali itakuwa ndiyo desturi, na ofisini watafika kama siku moja au siku moja na nusu kwa juma. Machi 2021 Ford ilitangaza kwamba wafanyakazi wake wapatao 30,000 wa Amerika Kaskazini wataweza kuendelea na utaratibu wa mchanganyiko. Mwezi uliofuata General Motors nayo ikatoa utaratibu wake, ambao kwa ufupi ulisema: kila mtu afanye kazi mahali panapofaa kwa kazi yake.

Watu wakafurahi, na sisi hatuwalaumu. Anayeepushwa na saa mbili za barabarani kila siku amepewa sehemu ya maisha yake. Mtu akiamini neno la namna hiyo huyapanga maisha yake juu yake: huhamia mji wenye kodi ndogo, au huchukua jukumu la kumwangalia mzazi mgonjwa.

Sasa tazameni yaliyofuata. Septemba 2022 General Motors iliwaandikia watu wa ofisini kwamba watatakiwa kufika siku tatu kwa juma kabla mwaka haujaisha. Manung'uniko yalikuwa makubwa hata kampuni ikasogeza tarehe mpaka mwisho wa Januari 2023. Lakini siku tatu zikabaki siku tatu. Juni 2025 Ford iliwaambia wengi wa watu wake wa ofisini kwamba kuanzia tarehe 1 Septemba mwaka huo watafika siku nne kwa juma. Kampuni ya Tesla haikuzunguka hata kidogo. Mwaka 2022 mkuu wake, Elon Musk, aliandika kwamba anayetaka kufanya kazi mbali lazima kwanza atimize saa 40 ofisini kila juma, la sivyo aondoke.

Hatusemi kwamba kila amri ya kurudi ni uovu. Gari ni kitu cha kushikwa, na wahandisi wana sababu ya kukutana na kulitazama kwa macho. Tunachosema ni kwamba katika mambo haya hapakuwa na meza ya kukaa. Ruhusa ilikuja kwa barua ya upande mmoja, ikaondoka kwa barua ya upande mmoja. Wahenga wetu walikwisha sema: mali bila daftari hupotea bila habari.

Na liko jambo baya kuliko kuitwa ofisini. Mwaka 2021 Peugeot na Fiat Chrysler ziliungana kuwa kampuni moja iitwayo Stellantis. Tarehe 22 Machi 2024 kampuni hiyo iliwaagiza watu wake wa uhandisi na wa programu za kompyuta katika Marekani kwamba siku hiyo wote wafanye kazi nyumbani. Siku hiyo hiyo wapatao 400 kati yao wakaarifiwa kwamba wameachishwa kazi.

Tufikirie kidogo habari hii. Watu 400 wakiambiwa hayo kiwandani, watatazamana. Mmoja atauliza kwa sauti, wa pili ataitikia, wa tatu atamwendea mwakilishi wa chama. Lakini watu 400 katika nyumba 400, kila mmoja mbele ya kompyuta yake, hawana wa kumtazama. Chumba cha nyumbani ni kizuri kwa utulivu, lakini siku ya msiba wa kazi ni mahali pa upweke.

4. WALIOANDIKA WALIPATA NINI?

Sasa twende Ujerumani. Huko sheria inawapa wafanyakazi wa kila kiwanda haki ya kuchagua baraza lao, na yako mambo ambayo mwajiri hawezi kuyaamua bila kukubaliana na baraza hilo. Nyuma ya mabaraza ya viwanda vya magari kinasimama chama cha wafanyakazi wa chuma, IG Metall.

Mabaraza haya hayakungoja korona. Mwaka 2011 baraza la Volkswagen lilikubaliana na kampuni kwamba, kwa wafanyakazi zaidi ya 1,000 waliokuwa na simu za kampuni, barua za kazi zisipelekwe kwenye simu hizo kuanzia nusu saa baada ya kazi kwisha mpaka nusu saa kabla ya kazi kuanza. Mameneja wakubwa hawakuhusika. Mwaka 2014 katika BMW ilikubaliwa kwamba kazi inayofanywa nje ya ofisi iandikwe katika hesabu ya saa za mfanyakazi; aliyejibu barua za kazi jioni akiwa nyumbani amefanya kazi, na muda huo ni mali yake. Mwaka huo huo kampuni ya Daimler iliweka utaratibu wa hiari: barua inayomfikia mfanyakazi aliye likizoni inafutwa, na aliyeileta anaelezwa amwandikie nani badala yake. Mtu anarudi likizoni bila kukuta rundo la barua linamngojea.

Mwaka 2021 bunge la Ujerumani liliongeza katika sheria ya mabaraza kwamba jinsi kazi ya mbali inavyoendeshwa ni jambo la kukubaliana na baraza. Tusikuze mambo: sheria hiyo haikumpa kila mtu haki ya kufanya kazi nyumbani. Kama itakuwapo au haitakuwapo, mwajiri bado ana neno. Lakini ikiisha kuwapo, saa, vyombo na masharti yake havipangwi na mtu mmoja.

Ndiyo maana Tesla ilipotoa amri yake mwaka 2022, IG Metall katika eneo la Berlin, ambako kampuni hiyo ina kiwanda, iliwajibu wafanyakazi hadharani kwamba katika Ujerumani anayetaka kukataa masharti ya upande mmoja ana nguvu ya chama nyuma yake, na sheria inamruhusu. Jibu kama hilo haliandikwi siku ya shida. Limeandaliwa kwa miaka mingi ya michango ya wanachama na uchaguzi wa wawakilishi.

5. MAMBO SITA YA KUANDIKWA

Kutokana na hayo, tumekusanya mambo sita ambayo mkataba wa kazi ya mbali usiyaache.

Kwanza, hiari na muda wa taarifa. Asilazimishwe mtu kufanya kazi nyumbani, kwa kuwa nyumba nyingine ni chumba kimoja na watoto watano. Na kama utaratibu utabadilishwa, mfanyakazi aelezwe mapema, kwa kipindi kilichoandikwa.

Pili, saa za kazi. Wenzetu wa mashambani wanaijua kazi ya kipande: unapewa kipimo, na ukichelewa kukimaliza, jua likizama ni shauri lako. Kazi ya nyumbani huteleza kwa urahisi na kuwa kazi ya kipande. Mwajiri haulizi umefanya saa ngapi, anauliza kazi iko wapi. Saa zihesabiwe, za ziada zilipwe, na usiku uwe usiku.

Tatu, gharama. Kiwandani taa, meza na mashine ni vya mwajiri. Nyumbani mfanyakazi ananunua umeme, intaneti na kiti. Asipolipwa gharama hizo, mshahara wake umepunguzwa kimyakimya.

Nne, ajali. Mtu mmoja katika Ujerumani, ambaye hakuwa wa kiwanda cha magari, alitoka kitandani asubuhi kuelekea chumba chake cha kazi, ghorofa moja chini, akateleza kwenye ngazi akavunjika mfupa wa mgongo. Ilikuwa ajali ya kazini au ya nyumbani? Kesi ilipanda mpaka mahakama kuu ya mambo ya bima za jamii, na Desemba 2021 ikaamuliwa kwamba alikuwa njiani kwenda kazini, hivyo bima ya ajali za kazini inamhusu. Penye mkataba ulio wazi, mgonjwa hahitaji kungoja mahakama.

Tano, kuchunguzwa. Nyapara wa zamani alikuwa na macho mawili na alichoka. Kompyuta yaweza kuhesabu kila herufi unayopiga na kila dakika uliyonyamaza, nayo haichoki. Mkataba useme ni kitu gani kinaruhusiwa kuhesabiwa, na nani anaruhusiwa kukiona.

Sita, mlango wa chama. Mfanyakazi wa nyumbani hapiti mbele ya ubao wa matangazo, wala hakutani na mwakilishi langoni. Januari 2025 mahakama kuu ya kazi ya Ujerumani iliamua kwamba mwajiri halazimiki kukikabidhi chama anwani za barua pepe za wafanyakazi wake. Kwa hiyo chama kisichoandika njia yake ya kuwafikia wanachama walio mbali kitajikuta kinahutubia uwanja mtupu.

6. WA MSTARI WAPATE NINI?

Tumefika kwenye kiini cha somo. Mkuu wa Tesla alipotoa amri yake aliongeza neno moja: kwamba saa hizo 40 ni chache kuliko zile anazowadai wafanyakazi wa kiwandani. Msikieni vizuri. Hakutaja jasho la mtu wa kiwandani ili ampunguzie. Alilitaja ili apate fimbo ya kumpigia mtu wa ofisini.

Mtu wa mstari akishangilia siku hiyo, amepata nini? Zamu yake haikupungua dakika moja. Hata hivyo hasira yake ina msingi, na kiongozi wa chama asiidharau. Kama wenzake wamepata nafuu ya mahali, naye yampasa apate nafuu yake.

IG Metall ilipata njia mojawapo. Februari 2018, katika jimbo la Baden-Württemberg, walikofanya migomo kabla ya kutia sahihi, chama na waajiri wa viwanda vya chuma na umeme walifikia mkataba ulioongeza mishahara kwa asilimia 4.3, na pamoja nao yalikubaliwa masharti ya kazi ya mbali kwa wanaoiweza. Lakini hawakuishia hapo. Mfanyakazi wa saa zote aliruhusiwa kupunguza juma lake mpaka saa 28, kwa kipindi cha miezi sita hadi miaka miwili, kisha arudi kwenye saa zake za kawaida. Liliwekwa pia lipo jipya la kila mwaka la asilimia 27.5 ya mshahara wa mwezi mmoja. Na mtu wa zamu, au mwenye watoto wadogo, au mwenye mgonjwa wa kumwuguza, aliweza kuliacha lipo hilo na badala yake kuchukua siku 8 za mapumziko.

Mahali hapagawanyiki sawasawa, kwa kuwa mstari hauwezi kwenda nyumbani. Muda unagawanyika. Wa ofisini akipewa neno juu ya mahali, wa mstari apewe neno juu ya muda wake. Hapo mafungu mawili yanaweza kukaa upande mmoja wa meza, kila moja likiona faida yake katika karatasi ile ile.

Si kila dai linapatikana mara moja. Katika mgomo wa mwaka 2023 UAW ilidai juma la saa 32 kwa mshahara wa saa 40. Haikulipata, ilirudi na nyongeza ya asilimia 25 ya mishahara, ya kulipwa hatua kwa hatua mpaka mkataba utakapokwisha mwaka 2028. Lakini dai la muda limekwisha wekwa mezani, na lililowekwa mezani halisahauliki.

7. NA SISI JE?

Viwanda vya kuunganisha magari vya Mombasa, Nairobi na Thika hupokea vipande vilivyochorwa na kutengenezwa ng'ambo. Wengi wa ndugu zetu wa huko ni watu wa mstari. Kwa hiyo wengi wetu hatutaitwa kesho kuandika mkataba wa kazi ya mbali.

Lakini tazama pale ulipo. Lori la shamba linalowapeleka mjini siku ya mshahara, limeandikwa wapi? Kile kipande cha ardhi nyuma ya nyumba za kambi, mnachopanda mboga, mmepewa kwa karatasi gani? Chai ya saa nne, na ruhusa ya mama kwenda kumnyonyesha mtoto, ni mkataba au ni moyo mwema wa meneja? Meneja akihamishwa, moyo wake mwema unahama naye.

Wahandisi wa Detroit wana elimu kubwa na mishahara mikubwa kuliko yetu, wala hawakuokolewa na elimu hiyo. Walikuwa na ruhusa, wakadhani ni haki. Tusione haya kujifunza kutoka kwa kosa la mtu aliyetuzidi mshahara.

MASWALI YA KUJADILI TAWINI

1. Orodhesheni mambo yote mazuri mnayopata kazini ambayo hayamo katika mkataba wenu. Ni yapi matatu ya kuandikwa kwanza?

2. Mwajiri akiwapa makarani nafuu ambayo ninyi hamwezi kuipata, mtadai waondolewe, au mtadai nini kwa upande wenu? Toeni sababu.

3. Katika tawi lenu, wako wanachama ambao hawafiki kwenye mikutano kwa sababu ya zamu za usiku au umbali wa kambi? Nani atawapelekea habari, na siku gani?

4. Kwa nini habari ya watu 400 walioarifiwa wakiwa majumbani ni onyo kwa kila chama, hata kile kisicho na mwanachama mmoja wa ofisini?

Tawi likimaliza kujadili, katibu aandike majibu ya swali la kwanza na kuyatunza. Hiyo ndiyo karatasi ya kwanza ya madai yenu katika majadiliano yajayo.

Umoja ni nguvu.